Mama Yuko Kazini

Mwezi uliopita mfanyakazi mwenzangu alinishika mkono akanipeleka kuona filamu. Ninaishi Houston siku hizi, mji ambao mtu husali kwanza ndipo aingie barabarani, na wala mimi si mtu wa filamu. Lakini mwenzangu alikuwa na tiketi mbili na mumewe alikuwa zamu, nikaenda. Ilikuwa Jumamosi mchana, katika jumba dogo lenye viti vilivyochakaa. Filamu yenyewe ilitoka Skandinavia, huko kwenye nchi za theluji ambako jua la majira ya baridi huchungulia kidogo kisha hurudi kulala. Haina bunduki, haina muziki wa kukuambia ulie lini. Ni msichana tu wa miaka kama kumi, aliyebaki peke yake mjini baada ya mama yake kuondoka asirudi. Anachemsha viazi. Anavaa koti la mama yake, mikono imemzidi. Anapanda tramu bila tiketi na kushuka popote anapotaka.

Nilikuwa natazama vizuri, natafuna bisi zangu, mpaka jirani alipobisha mlango. Mtoto akafungua kidogo, mnyororo ukiwa bado umefungwa, akasema kwa sauti ya kawaida kabisa kwamba mama amelala. Basi. Bisi zilinimwagika sakafuni. Nikatoka, nikaenda kusimama chooni na kuacha maji ya bomba yanipite viganjani. Mwenzangu alinifuata kuuliza kama naumwa, nikamwambia ni chumvi ya bisi imenizidi. Alipokuwa ananirudisha nyumbani alilalamika kwamba filamu hizi za Wazungu hazina mwisho, zinakatika tu kama umeme. Nilicheka naye. Kilichonitoa mle ndani sijawahi kumwambia mtu. Acha nikwambie wewe.

Tulifika Fort Worth, hukuhuku Texas, nikiwa na miaka tisa, mimi na mama, wawili tu. Baba tulimwacha kwenye makaburi ya kambi ya wakimbizi, magharibi mwa Tanzania, kambi niliyozaliwa humo na kudhani kwamba dunia nzima ni mahema na foleni. Tulipewa nyumba ghorofa ya pili, kwenye majengo ya matofali ya kahawia yaliyojaa watu kama sisi: Warundi, Wakongo, watu wa Burma, watu wa Nepal. Nikifumba macho bado naipata harufu ya ile ngazi. Asubuhi ilinukia sabuni kutoka chumba cha mashine za kufulia, mchana bizari na vitunguu, jioni samaki wa kila taifa. Nyuma ya uzio ilipita treni ya mizigo, ndefu kiasi kwamba ungeanza kuosha vyombo ikiwa inapita na ukamaliza bado inapita. Viyoyozi vilinguruma mchana kutwa kama ng'ombe wagonjwa.

Mama alifanya kazi ya kufunga maboksi kwenye ghala huko Grand Prairie, mji wa jirani. Hatukuwa na gari, na pale asiye na gari hana miguu. Mkongo mmoja aliyekuwa na veni aliwabeba wafanyakazi kabla ya mapambazuko na kuwarudisha alasiri. Kazi zangu mimi zilikuwa kuchagua maharage na kuyaloweka, kukunja nguo, na kumsomea mama barua zote zilizokuja kwa Kiingereza. Jumapili katekista wetu alitupitia kwa gari lake twende misa ya Warundi. Huko ndiko nilikosikia watu wazima wakicheka kwa sauti kubwa. Baada ya misa tulikula wali na sombe, yaani kisamvu, na ndizi za kupika, na wanawake wakazungumza habari za watu.

Katika habari hizo ndimo mama alimosikia kwamba familia moja ilinyang'anywa watoto watatu kwa sababu waliachwa peke yao nyumbani. Watu wa serikali walikuja mchana, wakabisha, mtoto mkubwa akawafungulia. Sijui kama ilikuwa kweli. Mama aliiamini. Alikuwa na methali zake mwenyewe, alizozitunga, nadhani, maana sijazisikia kwa mwingine. Mojawapo ilikuwa hii: mtoto wa mkimbizi ana masikio mawili na nusu ya ulimi.

Shule zilipofungwa kiangazi kile, nilikuwa nimetimiza kumi, na hakukuwa na mtu wa kubaki nami. Mama akatafuta njia yake. Aliwaambia watu wote wa kanisani, na wa kwenye veni pia, kwamba nimekwenda Houston kwa shangazi yangu mpaka shule zifunguliwe. Shangazi huyo hakuwepo. Alimuumba yeye. Nikawa mtu asiyekuwepo Fort Worth: misa sikwenda, uwanjani sikucheza. Pazia lilifungwa, televisheni ilisema kwa kunong'ona. Kama mtu angenikuta kwenye ngazi nikienda kutupa taka, jibu lilikuwa moja tu: mama yuko kazini, anarudi sasa hivi. Na mlango usifunguliwe kwa yeyote, hata akilia. Alinifanyisha mazoezi. Alitoka nje, akabisha, akabadili sauti, akaniita kwa majina matamu. Nilipokaa kimya mpaka mwisho, aliingia akanibusu kwenye paji la uso.

Ilikuwa Jumanne ya mwezi wa saba. Alasiri nilisogeza kipande kimoja cha pazia, kama kila siku, nikaona veni inasimama. Watu walishuka. Mama hakushuka. Dereva alizima injini, jambo ambalo hakuwa akilifanya, akapanda ngazi na mwanamke mmoja wa kazini. Nikakaa chini nyuma ya mlango na kuziba mdomo.

"Hodi! Hodi hapa!"

Akabisha tena. Nilimsikia anapumua.

"Hakuna mtu," alisema yule mwanamke. "Si mtoto yuko kwa shangazi yake, Houston?"

"Pengine kuna jirani wa kumwambia," alisema dereva.

"Alianguka vibaya yule mama. Ile ambulansi, sijui ilimpeleka Dallas ao wapi. Twende, tutamwombea."

Waliondoka. Nilipofungua, baadaye sana, nilikuta mkoba wa chakula wa mama umeegeshwa ukutani. Wali na maharage vilikuwa ndani kama alivyovipakia alfajiri, hajavigusa. Nikavila. Niliosha bakuli, nikalikausha, nikalirudisha kabatini.

Najua unataka kuniuliza kwa nini sikumkimbilia dereva. Nimejiuliza swali hilo miaka mingi kuliko umri niliokuwa nao siku ile. Ninachokumbuka ni kwamba nilijivunia. Mtihani ulikuja kweli nami nikafaulu. Mama angerudi, nimwambie kwamba walibisha mara mbili na sikufungua.

Jumatano veni ilisimama, nikahesabu vichwa vikishuka. Alhamisi pia. Nilipika ugali wa unga wa mahindi tuliokuwa tukinunua duka la Wameksiko, ukaungua chini na juu ukabaki maji. Nilikula siku mbili ugali huohuo. Maharage niliyaloweka nikasahau, yakatoa povu na harufu ya mdomo wa mgonjwa. Baada ya hapo ilikuwa mkate, halafu sukari kwenye maji. Karibu na shule yetu waligawa chakula cha mchana kwa watoto wakati wa likizo, nilijua, lakini pale wangeniuliza nimekuja na nani.

Ijumaa kiyoyozi kilikufa. Kilikohoa mara tatu kikanyamaza. Wewe uliyewahi kukaa Texas mwezi wa saba huhitaji kuelezwa. Kuta zilikuwa za moto ukizigusa. Kumpigia simu fundi wa majengo sikuweza, simu ilikuwa moja na mama ndiye alikuwa nayo, na hata ningekuwa nayo nisingepiga. Nilijaza beseni la kuogea maji ya baridi nikalala humo na nguo zangu, uso tu juu, nikisikiliza moyo wangu ukipiga ndani ya maji. Sikulia. Yule mtoto wa kwenye filamu analia mara moja, amefunika uso kwa koti. Mimi machozi yalikataa. Nilikuwa na kazi.

Kwenye mlango uliotazamana na wetu alikaa nesi mmoja Mkenya, mwanamke wa makamo, mwenye zamu zisizoeleweka. Mama alimwogopa kidogo kwa sababu alikuwa na kitambulisho cha kazi kifuani na aliongea Kiingereza kama wenyewe. Jumapili nilikutana naye kwenye mapipa ya taka.

"Sasa, mrembo. Mum yako ako wapi? Sijamwona wiki mzima."

"Yuko kazini. Anarudi sasa hivi."

"Kazini? Si leo ni Sunday?"

"Anafanya overtime."

Alinitazama midomo. Ilikuwa imepasuka. Saa moja baadaye alibisha, akasema kupitia mlangoni, "Nimewawekea chapo hapa nje. Mwambie anitafute, eh?" Nilisubiri mlango wake ufungwe. Chapati zilikuwa sita, zimefungwa kwenye karatasi ya foili, bado moto. Nilikula nne nimesimama, nikatapika mbili.

Jumatatu nikaamua kumtafuta mama. Katika filamu mtoto anazunguka mji wake wote kwa tramu, na hakuna anayegeuza shingo. Fort Worth si mji wa namna hiyo. Nilijua njia ya Grand Prairie kwa macho ya dirisha la gari: unapita kituo cha mafuta, unapita uwanja wa magari mabovu, halafu barabara kuu. Nilitembea kwenye majani makavu pembeni kwa sababu hakukuwa na njia ya miguu. Malori yalinipuliza. Nyayo za ndala zililainika kwa joto la lami nikawa nanata. Sijui nilifika umbali gani. Gari moja la polisi lilipunguza mwendo ubavuni kwangu, nami nikageuka kama mtu aliyefika anakokwenda, nikaingia duka la pombe na sigara. Muuzaji, mzee mwenye kilemba, alinipa chupa ya maji kabla sijaomba.

"Where is your mother?"

"At work," nikamwambia. "She's coming right now."

Polisi alipopita, nikarudi nyumbani. Huko ndiko nilikokata tamaa, ikiwa mtoto hukata tamaa. Sikusogeza pazia tena. Jumanne na Jumatano sina kumbukumbu nazo ila maji ya beseni na treni.

Alhamisi asubuhi nesi alibisha. Alisubiri, akabisha. Kisha nikasikia kitu kizito kinashuka upande wa pili wa mlango, na sauti yake ikatokea chini, usawa wa sikio langu, kwa sababu nami nilikuwa nimekaa pale sakafuni.

"Sikiza. Leo siendi job. Nimekaa hapa chini. Nitakaa mpaka mum yako atoke huko kazini, nimsalimie, halafu niende nilale."

Akakaa. Nilimsikia akijipepea na karatasi. Nilimsikia akila karanga. Watu walipanda na kushuka ngazi, wakamwuliza kama amefungiwa nje, akawajibu kwamba anangoja rafiki. Jua likapanda. Mara mojamoja alisema kitu, si kwa kunibembeleza, alinipa habari tu: kwamba yeye ni kifungua mimba wa watoto saba, kwamba alipokuwa na miaka kumi na miwili alilea wadogo zake msimu mzima mama yao akiwa hospitali, kwamba hakuna aliyempongeza. Ilikuwa karibu saa sita nilipotoa mnyororo wa mlango. Mkono wenyewe ndio uliotoa. Mimi nilikuwa nasema hapana.

Alipoingia alisimama kidogo, kwa sababu ya harufu. Kisha akanishika uso kwa viganja viwili.

"Usiite serikali," nikamwambia.

"Kwanza unywe maji. Polepole."

"Usiite serikali, tafadhali."

Alipiga magoti ili macho yetu yalingane. "Sitakudanganya," alisema. "Mum yako nitamtafuta sasa hivi, na nitampata. Lakini mimi ni nesi. Nikiona mtoto hivi, sheria inanishika. Lazima nipige hiyo simu. Nitapiga nikiwa nimekaa na wewe hapa, usikie kila neno."

Alimpata mama kwa simu ya tatu. Alipiga nyingine ile pia, na nilisikia kila neno.

Mama alikuwa hospitali ya Dallas. Mshipa ulipasuka kichwani akiwa anainua boksi, na kwa siku tisa hakujua jua wala mvua. Nilipelekwa kumwona alasiri ile, nesi upande mmoja na mwanamke wa serikali mwenye faili upande mwingine. Nusu ya uso wa mama ilikuwa imeshuka kama nguo iliyoponyoka kamba. Mhudumu wa wodi alishangaa kuniona. Akamwambia yule mwanamke wa faili, kwa Kiingereza, nikielewa na mama haelewi, kwamba tangu asubuhi mgonjwa alipozinduka wamemwuliza mara mbili kwa mkalimani wa simu, kwa Kiswahili, kama kuna mtu nyumbani wa kujulishwa. Alijibu kwamba hana mtu.

Mama aligeuza jicho moja akaniona. Nilingoja aseme mwanangu. Midomo ilihangaika, na neno lilipotoka lilikuwa zito, lakini nililisikia vizuri.

"Umefungua?"

Nikasema ndiyo. Akafumba jicho.

Nilikuwa mtu mzima nilipoelewa. Alidhani ni Jumanne ileile. Alidhani ameanguka asubuhi, amezinduka mchana, na alasiri veni itamrudisha. Alikuwa anatulinda kwa saa chache. Lakini mtoto wa miaka kumi, anayenuka beseni na kutapika, alisikia tu kwamba mama alisema hana mtu, na kwamba alipomwona alikasirika. Nilibeba maneno hayo mawili mpaka Carrollton, karibu na Dallas, ambako serikali ilinipeleka kwa mume na mke walionipokea katika nyumba yenye zulia hadi bafuni.

Walikuwa watu wema, sitawasengenya. Walinipa chumba changu, walinifundisha kuogelea, walifupisha jina langu kwa sababu liliwashinda. Nilinenepa. Nilikaa kwao miezi mitano, na katika miezi hiyo sikusikia neno hata moja la Kirundi, lugha tuliyokuwa tukisema mimi na mama mlango ukishafungwa. Nadhani hata mimi nilikisukuma nje. Hakimu aliponirudisha, mama alikuwa anatembea kwa fimbo na mkono wa kushoto umekufa. Alinisemesha Kirundi, nikamjibu kwa Kiingereza. Akadhani nina aibu, akangoja. Baada ya miezi kadhaa akaacha kungoja, tukawa tunakutana kwenye Kiswahili, kama watu wawili sokoni.

Yule nesi bado alikaa mlango ule uliotazamana na wetu. Mama alimpita kwenye ngazi kama anavyopita nguzo. Kwake alikuwa ni yule aliyeita serikali, na jina jingine hakumpa. Nami, uniwie radhi kwa hili ninalokuambia, nilimpita vilevile. Alinisalimia, "Sasa, mrembo," nikatazama viatu vyangu. Aliendelea kunisalimia mwaka mzima. Kisha siku moja tuliona wapangaji wapya wanapandisha godoro lao, na hakuna aliyejua amehamia wapi. Mtu aliyekaa sakafuni muda wa saa nne kwa ajili yangu hakuwahi kusikia asante kutoka mdomoni mwangu. Nimewauliza Wakenya wa Dallas na wa Houston, wengi wao manesi. Wananiuliza jina lake. Silijui.

Majengo yale bado yapo. Nilipita mara moja nikiwa na gari langu. Wameyapaka rangi nyeupe na kuweka geti, na kwenye ngazi palinukia rangi tu. Sombe nakula Houston, misa nasali Houston, na hiki Kiswahili unachokisoma nimekijenga upya ukubwani, kwa vitabu na kwa ukaidi. Kirundi kilikataa kurudi. Nimejaribu. Nakisikia kanisani kama mtu anayesikia sherehe ya jirani kupitia ukutani.

Mama alifariki mwaka juzi. Mshipa wa pili ulipopasuka, ulimfutia maneno yote ya ukubwani: Kiingereza kidogo alichokuwa nacho, kisha Kiswahili. Kikabaki Kirundi tu, na Kirundi alikisema sana, siku tatu mfululizo, kuliko alivyowahi kuniambia chochote maishani. Nilikaa kitandani pake nimemshika mkono ule uliokuwa hai, nikiitikia kwa kichwa. Siku ya tatu alikuja mama mmoja mzee wa kanisani kumwona. Alisikiliza, akatabasamu, akanigeukia.

"Anauliza kama mvua imeacha, akafue."

Nje kulikuwa kukavu, mwezi wa nane. Nikasema, "Imeacha, mama." Nikarudia kwa Kiingereza, sijui kwa nini. Yule mzee akainama akamwambia kwa Kirundi. Mama akanitazama mimi, akamjibu yeye.